Neno la Msibani

Taa ya Mizani, mashine ya kupima ukweli, iligeuka kijani wakati Redempta Mhapa ana kipande cha kiazi mdomoni, na kwa furaha nusura kimpalie. Pazi, mhariri wake, aliruka kutoka kitini akapiga vigelegele kama mama wa bwana harusi. Mama mmoja aliyekuwa akipita barabarani na dumu lake la pombe ya ulanzi alisimama dirishani kuuliza kuna heri gani.

"Imekubali!" Pazi alisema. "Dada Redempta, imekubali yote. Hata neno moja haikutema."

Kwenye kioo cha ukutani maneno yalisimama ndani ya duara la kijani: *Mimi ndiye niliyemuua Kihwele. Nimemsukuma kwa mkono wangu huu. Alikuwa ananizidi akili, ningefanyaje?* Chini yake mashine iliandika jina la msemaji, Kasiani Mbano, Waziri wa Maji. Ikaongeza kwamba sauti ni yake, pumzi ni zake, na kwamba ameyasema bila chembe ya woga wa mwongo.

Redempta alimeza kiazi akaketi. Alikuwa ameshaangusha wakubwa kadhaa katika maisha yake, lakini waziri alikuwa bado.

Zamani watu walikwenda mahakamani. Siku hizi wanakwenda sinema. Ndivyo wenye kejeli walivyosema tangu Sheria ya Muhuri ipite. Kauli ya kiongozi ikishapimwa na Mizani ikapewa muhuri, kisha ikaonyeshwa hadharani, hakuna wakili wala rufaa. Mkubwa anashushwa kwenye kiti filamu ikiwa bado inaendelea, anapelekwa gerezani, na amri zake zote zinakufa saa ileile. Wananchi waliishangilia sheria hiyo, maana walichoka kuona kesi za wakubwa zikiahirishwa mpaka mashahidi wanaota mvi. Redempta aliishangilia kuliko wote, kwa sababu ndiyo iliyomjenga.

Filamu yake ya kwanza ilimng'oa meya aliyeuza soko pamoja na wachuuzi waliokuwa ndani yake. Ya pili ilimtoa jaji. Ya tatu ilimfuata mbunge mpaka kwenye sherehe ya kipaimara cha mwanawe, na watu wakasema sasa huyu mama kazidi. Hakujali. Alipenda kuitwa mchokozi, alipenda wakubwa wakihama meza wanapomwona hotelini, na siku za maonyesho alikaa mstari wa mbele, amegeuza kiti, anatazama nyuso za watu badala ya kioo. Hiyo ndiyo ilikuwa pombe yake.

Hii mpya aliiita *Asiyeziba Ufa*. Ilihusu Bwawa la Mgolole na injinia wake, Atilio Kihwele, aliyesema ukuta una ufa kwa ndani na kuomba maji yapunguzwe. Waziri alikataa. Alitaka bwawa lijae pomoni siku ya uzinduzi, bendi ipige, watu waone. Kisha Kihwele akaokotwa amekufa kwenye mawe chini ya ukuta, polisi wakasema ameteleza, na mambo yakaishia hapo. Chini ya ukuta huo kulikuwa na kijiji kizima, na mvua za milimani zilikuwa zimeanza kunyesha.

"Kesho baada ya misa inaonyeshwa nchi nzima," Pazi alisema, huku akijifuta jasho. "Bwana mkubwa anakwenda ndani, amri yake ya kujaza maji inakufa, mafundi wanafungua milango ya bwawa, watu wa Mgolole wanapona. Umeokoa kijiji, dada. Mimi nakwenda kununua kuku."

"Ngoja. Niwekee sauti mbichi."

Pazi alicheka. Aliijua desturi hiyo. Mizani husafisha kila inachokisikia. Huondoa upepo, magari, vyombo na sauti za watu wengine, ikabaki na mtu mmoja tu, kama nguo iliyokamuliwa. Redempta hakuwahi kuipeleka filamu kwenye kioo bila kwanza kufumba macho na kusikiliza sauti jinsi ilivyookotwa na nzi wake. Nzi hao ni vidude vidogo vyenye jicho na sikio. Alikuwa amewaachia wamfuate waziri kila mahali, na huyu aliyeleta neno la ushindi alikuwa amejificha ndani ya ukosi wa shati lake. Hakuona kitu, alisikia tu.

Redempta alifumba macho.

Kwanza alisikia koleo likikwaruza udongo. Kisha vigelegele, na wanawake wakicheka kicheko kile cha mtu aliyekwisha kulia mpaka machozi yakakauka. Sauti ya Mbano ikaja, nzito, inakohoa kikohozi ambacho hakikuwa chake, kikohozi cha Kihwele kabisa, kile cha wavuta sigara. *Mimi ndiye niliyemuua Kihwele!* Watu wakaangua kicheko. *Nimemsukuma kwa mkono wangu huu!* Na juu ya kicheko hicho sauti ya mzee mmoja ikapaza: "Mngoni, toka kaburini! Tunataka kuzika!"

Redempta alifumbua macho.

"Ni msibani," alisema. "Pazi, huu ni utani. Kihwele ni Mhehe, Mbano ni Mngoni. Alikuwa anamzika mtani wake."

Pazi alibaki amesimama na mkoba wa kuku mkononi. Hakuhitaji kuelezwa. Yeye ni Mzaramo wa Kisarawe, na kwao Wanyamwezi walishawahi kulikalia jeneza la babu yake wakidai hawatoki mpaka wapewe kuku wa marehemu. Redempta naye alimkumbuka Mngoni mmoja kutoka Songea aliyelala kwenye jamvi la baba yake, akakoroma kama baba yake, akajigamba kwamba yeye ndiye kamroga. Mama yake, aliyekuwa hajala siku kadhaa, alicheka siku hiyo akaomba uji. Ndiyo kazi ya mtani. Anabeba kifo mgongoni, anakichezesha ngoma, ili waliofiwa wapate pa kuvutia pumzi.

"Lakini Mizani…" Pazi alianza.

"Mizani inapima woga. Mtu akidanganya, moyo unamkimbia. Mtani moyo unamkimbilia nini? Hadanganyi mtu. Kila anayemsikia anajua."

Walioifundisha mashine ile waliilisha mabunge, mahakama, vituo vya polisi na ugomvi wa kwenye simu. Misiba hawakuigusa. Walikuwa watu wenye adabu zao, wakaona haya kupeleka kinasa sauti mahali watu wanapolia. Kwa heshima hiyo, mashine iliyojua hila zote za wanasiasa haikuwahi kumsikia mtani akimlilia mtani wake.

Pazi aliuweka mkoba mezani taratibu. "Nani mwingine anajua?"

"Wote waliokuwa pale."

"Watu wa bonde. Hao hao tunaotaka kuwaokoa. Watasema kitu?" Alivuta kiti akakaa karibu naye, sauti ikashuka. "Dada, nisikilize. Huyu bwana ni mbaya au si mbaya?"

"Ni mbaya."

"Ukuta una ufa au hauna?"

"Upo. Kihwele aliniambia mwenyewe kwa mdomo wake."

"Basi tatizo nini? Neno amelisema. Sauti ni yake. Sisi hatukubandika kitu. Ukilitoa neno hilo, filamu inabaki manung'uniko matupu, kesho yeye anajaza maji, na mvua ndiyo hiyo inakuja. Ukiliacha, anafungwa mtu mmoja. Kijiji kizima kwa mtu mmoja, tena mbaya! Mimi nisingefikiria mara mbili."

Kilichomuumiza Redempta ni kwamba Pazi alikuwa anasema maneno ambayo yeye mwenyewe angeyasema jana. Angeyasema kwa sauti kubwa zaidi, na angemwita mwoga yeyote anayesita. Alitazama lile duara la kijani mpaka macho yakamwuma, akachukua ufunguo wa gari.

* * *

Asubuhi ya Jumapili aliingia Mgolole wakati watu wanatoka misa ya kwanza. Ukuta ulisimama mwisho wa bonde, mweupe, mrefu kuliko minara yote ya Iringa, na kule juu bendi ya wizara ilikuwa ikifanya mazoezi ya uzinduzi. Tarumbeta zilisikika mpaka kwenye mashamba ya mahindi. Redempta alijikuta anatembea ameinamisha kichwa, kana kwamba kitu kingemdondokea.

Mjane wa Kihwele, Mama Filomena, alikuwa uani anapepeta maharage. Alikuwa bado amejifunga kitambaa cha msiba kichwani.

"Kamwene, mama."

"Kamwene, mwanangu. Karibu. Najua umekuja kuuliza nini, maana matangazo ya filamu yako yamejaa mpaka kwenye kuta za zahanati." Alisogeza kigoda. "*Mimi ndiye niliyemuua Kihwele.* Wameyaandika kwa herufi nyekundu."

Redempta aliona aibu, na si kazi rahisi kumtia aibu mtu yule. "Nilitaka nisikie kwako, mama. Alisema vipi?"

Mama Filomena aliendelea kupepeta. "Alikuja hapa kabla ya jeneza. Akaingia chumbani bila hodi, akatoka amevaa koti la mume wangu na kofia yake ya chuma, anakohoa. Nikasema Mngoni huyu kaja kunimaliza. Tulipofika makaburini akaruka shimoni akalala chali. Akasema hatoki. Akasema yeye ndiye kamuua, kwa wivu wa akili, na sasa anataka jogoo na koti, la sivyo tumzike yeye na Kihwele tumrudishe nyumbani." Midomo yake ilitetemeka, haikujulikana kama ni kicheko au kilio. "Nikacheka, mwanangu. Siku ambayo nilidhani sitacheka tena maishani, nilicheka mpaka nikashikwa mbavu. Jogoo tukampa. Koti akalirudisha, lakini jioni nikamkuta nyuma ya nyumba amelikumbatia analia kama mtoto. Hakujua namwona."

"Kwa hiyo hakumuua."

"Aliteleza. Alikuwa anashuka kuangalia maji yanayovuja, mvua imenyesha, viatu vyake vimeisha soli. Nilimwambia anunue vingine." Sasa aliuweka ungo chini. "Mbano ni kichwa ngumu. Ana kiburi, anapenda sifa, na kwa habari ya ukuta ule ningemchapa viboko. Lakini hakumuua mume wangu."

Kule juu bendi ilikosea wimbo ikaanza upya.

"Mama, filamu nikiitoa, atajaza maji."

"Najua."

"Nyumba yako iko hapa chini."

"Na wajukuu zangu wako hapa chini. Unadhani sijafikiri?" Mama Filomena alimkazia macho. "Atilio alinifundisha kuangalia yale maji yanayovuja mguuni mwa ukuta. Aliniambia yakitoka meupe, pika chakula chako. Yakitoka mekundu, acha sufuria jikoni, ukimbie, maana ukuta umeanza kutapika udongo wa tumboni mwake. Kila asubuhi nakwenda kuangalia kabla ya kupiga mswaki. Nataka maji yapunguzwe kuliko unavyotaka wewe mwenye filamu. Lakini ukimfunga mtu kwa neno la msibani, nani atacheka msibani tena? Kila mtani atafunga mdomo wake. Nikifa mimi, nitazikwa kimya kama mbuzi?"

Redempta alitaka kusema kwamba bora kuzikwa kimya kuliko kuzolewa na maji. Lakini alijua kwamba kama angemfunga Mbano kwa neno lile, basi yeye mwenyewe, mchokozi mkuu wa nchi, angekuwa mwongo mwenye muhuri, na hakuna mtu ambaye angeweza kumpima.

Alitoa simu yake mfukoni, akaitafuta filamu, akagusa palipoandikwa *ondoa*. Mizani ikamwuliza mara mbili kama ana hakika. Ikamkumbusha kwamba mtengeneza filamu anayeondoa kauli yenye muhuri hufutiwa leseni kamati ikikaa Jumatatu, na harudishiwi. Alikubali mara mbili.

Pazi alimpigia simu papo hapo. "Umefanya nini? Dada, umefanya nini? Nchi nzima imekaa mbele ya kioo inangoja!"

"Waache wakae. Nina leseni mpaka kesho. Mrushe nzi mmoja aje huku, fungua idhaa, uiache wazi." Aligeuka kwa Mama Filomena. "Mama, unaweza kuniazima mkeka?"

* * *

Mguuni mwa ukuta palikuwa na baridi ya pango. Redempta alitandika mkeka juu ya mawe yaleyale alipookotwa Kihwele, akalala chali. Kutoka pale ukuta haukuwa na mwisho. Karibu na sikio lake maji membamba yalikuwa yakivuja kutoka kwenye mshono wa zege, meupe, yanaimba polepole. Nzi alielea juu ya uso wake, taa yake ndogo ikiwa ya njano, maana yake anapima lakini hajaamua.

"Mlioingoja filamu," alisema, "nimeiondoa. Lile neno mliloliona kwenye mabango ni la utani, lilisemwa kaburini, na mimi karibu nimfunge mtu kwalo. Kwa hilo naomba radhi. Lakini ukuta huu una ufa, na aliyesema hivyo amekufa. Kwa hiyo leo sikuja na filamu. Nimekuja kama Mhehe, namdai mtani wangu. Kasiani Mbano! Uko juu huko na tarumbeta zako! Ulilala kaburini kwa Kihwele ukadai jogoo. Na mimi nimelala hapa. Sitoki mpaka unikomboe!"

Tarumbeta zilinyamaza moja moja. Watu walianza kumiminika kwenye miteremko ya bonde, wengine bado na vitabu vya nyimbo za kanisani mikononi. Askari wawili walifika mpaka kwenye ngazi, wakatazamana, wakarudi. Mtu aliyelala kwa utani hatolewi na askari. Wangechekwa na kila mtu, na wake zao wangewatazama vipi?

Mbano mwenyewe alitokea ukingoni, mnene, amevaa tai. Sauti yake ilishuka ikigonga zege.

"Mhehe wewe! Wenzako wakikasirika hutafuta kamba ya kujinyongea. Wewe umetafuta ukuta?"

Watu walicheka, kicheko chembamba chenye hofu.

"Na wenzako wakimwona Mhehe hukimbilia Songea!" Redempta alijibu. "Shuka tuone kama damu ya babu zako imebadilika!"

"Unataka nini? Jogoo? Nitakuletea banda zima!"

"Nataka maji. Fungua milango, bwawa lishuke mpaka pale Kihwele aliposema."

Mbano alilegeza tai. "Hiyo bei kubwa, mtani."

"Basi shuka unitoe kwa mkono wako. Unasema ukuta ni imara. Hapa ni sebuleni tu, shuka."

Hapo alimnasa, na watu wote waliliona hilo. Mtani hawezi kukataa mbele ya umati; angekwenda Songea akazomewa na watoto. Mbano alivua koti akampa mtu, akashika ngazi ya chuma iliyobandikwa ubavuni mwa ukuta, akaanza kushuka. Alishuka akijitahidi kutania, mara Wahehe na nyama yao ya mbwa, mara mkeka wa kuazima, na kwenye miteremko watu walianza kulegea.

Redempta alihisi ubaridi ukimfika begani. Maji yalikuwa yameongezeka. Aligeuza uso kidogo akaona ukingo wa mkeka umebadilika rangi. Alidhani ni kivuli. Akachovya kidole, akakiinua mbele ya macho.

Kidole kilikuwa chekundu.

"Mama!" alipiga kelele. "Mama Filomena, mekundu!"

Kule bondeni Mama Filomena aligonga kifuniko cha sufuria kuwaonya majirani, kisha kikalia kingine, kisha kijiji kizima kikawa kinagonga vyombo. Wanawake walinyakua watoto, wazee wakabebwa mgongoni, wote wakipanda kuelekea juu. Kila mshipa wa Redempta ulimwambia ainuke akimbie nao. Lakini akiinuka, deni limekwisha, milango itabaki imefungwa, na ukuta ule utajichagulia siku yake. Alikaza meno akabaki amelala. Alikuwa anaogopa, hakuwahi kuogopa vile, na machozi yalimtiririka kuelekea masikioni.

Mbano alikuwa amefika kwenye kipandio cha mwisho. Alinyosha mguu kushuka chini, akaona maji. Mguu ulibaki hewani. Haukushuka, wala haukurudi.

"Mtani," alisema, na sauti ya kutania ilikuwa imemtoka yote. "Dada yangu, inuka."

"Nikomboe."

"Inuka, nakuomba! Yakiwa mekundu ukuta unaliwa kwa ndani. Unakwenda wakati wowote. Atilio aliniambia. Alinionyesha mpaka kwenye vipimo, nikamwambia anyamaze tumalize uzinduzi kwanza. Nilijua! Sikumsukuma, lakini nilijua, na yeye alikuwa anashuka huku kila siku kwa sababu mimi sikutaka kusikia. Nimeshamzika mmoja hapa. Usinifanye nizike wa pili."

Taa ya nzi ilianza kupepesa, njano, kijani, njano. Redempta aliiona. Maisha yake yote ya kazi alikuwa ameisubiri taa ya namna ile, na sasa ilipepesa juu ya kichwa chake yeye akiwa amelowa matope. Angenyamaza tu, ingejiamulia yenyewe.

Hakunyamaza.

"Mtani," alisema, "nzi wangu anakusikia, na nchi inakuona. Hayo unayoyasema ni ya msibani? Ukisema ndiyo, nayafuta, na hakuna atakayekugusa."

Mbano alitazama juu, kule bendi ilipojipanga na vyuma vyake vinavyong'aa. Alitazama watu waliokuwa wakipanda mteremko na mizigo. Mwishowe akamtazama yule aliyelala.

"Nikikujibu, ile taa ikawaka kijani, mimi si waziri tena?"

"Si waziri tena."

"Na hawa walioko juu hawatajua wamsikilize nani." Alikaza mkono kwenye ngazi. "Basi ngoja kwanza."

Aligeuza uso juu, akajaza kifua hewa, akanguruma kwa sauti ambayo hata tarumbeta zake hazikuwahi kuitoa. "Fungueni milango! Yote! Maji yapite mfereji wa kando! Ni amri ya Waziri, fungueni sasa hivi!"

Kwa muda hakuna kilichotokea. Kisha ndani ya mlima kitu kikubwa kilikoroma, na ng'ambo ya bonde, mbali nao, maji yakaruka kutoka kwenye mfereji yakiwa meupe kama ukungu. Ukuta mzima ulitetemeka kwa kuachiwa.

Ndipo Kasiani Mbano alipouteremsha mguu wake. Alitembea ndani ya maji mekundu mpaka kwenye mkeka, viatu vyake vizuri vikizama, akainama, akamnyoshea Redempta mkono.

"Si ya msibani, dada yangu," alisema, akiitazama taa. "Hayo ni kweli tupu. Haya, inuka twende."